Nick Reding: Msee Umemwona kwa Muvi na Hujui Jina Lake

Kama wewe ni mtu wa muvi, huyu msee ushawahi kumwona. Labda kwa The Constant Gardener, labda kwa The First Grader. Alitokea, akasema maneno yake, akatoka, na haukushika jina. Usijali, hiyo ndiyo kazi ya mwigizaji msaidizi. Unabeba story mgongoni halafu poster inabeba sura ya mtu mwingine.

Jina ni Nick Reding. Ni Muingereza, lakini kazi yake kubwa ameifanyia hapa Kenya, na si mbele ya kamera. Ameongoza filamu za Kenya zinazoongea lugha ya mtaa, na moja yazo inahusu kitu kilichotupata hapa Eldoret, kile ambacho mathee na fathee wakiulizwa huwa wanabadilisha story. Kwa hivyo kama uko West Indies, Langas, Kapsoya au Huruma, tulia usome mpaka mwisho. Hii inakuhusu.

Kwa ufupi

Jina: Nick Reding
Kazi: mwigizaji, dairekta, mwanzilishi wa S.A.F.E. Kenya
Jukwaani: Angels in America (London, 1992)
Kwa skrini kama mwigizaji: The Bill, Mister Johnson (1990), The Constant Gardener (2005), The First Grader (2010)
Kama dairekta: Ndoto za Elibidi (2010, akiwa na Kamau wa Ndung'u), Ni Sisi (2013), Watatu (2015)

Mwigizaji msaidizi hufanya nini haswa?

Watu wa Eldy hawahitaji kuelezwa sana, juu kila ploti iko na msee wa mbio. Mwigizaji msaidizi ni kama pesmeka. Stelingi ndiye anavuka laini mikono juu, lakini kasi imetengenezwa na wale walikuwa wanakata upepo mbele yake. Vienna, tarehe 12 Oktoba 2019, Eliud Kipchoge alimaliza marathon kwa 1:59:40. Pesmeka walikuwa 41. Sasa taja majina matano bila kugoogle. Umeona?

Na kuna siku pesmeka anaamua kwenda mpaka mwisho. Berlin, 2003, Sammy Korir aliingia kuwekea Paul Tergat kasi. Tergat akavunja rekodi ya dunia kwa 2:04:55. Korir akamaliza kwa 2:04:56. Sekunde moja tu! Lakini jina unalosikia kwa redio kila mwaka ni la Tergat.

Kwa muvi ni vile vile. Hata Oscar zenyewe zilichelewa kuwakumbuka hawa watu. Tuzo zilianza 1929, waigizaji wasaidizi wakaingizwa 1937, na bado walikuwa wanapewa kibao tu. Sanamu nzima kama ya stelingi walianza kupata 1944.

Kazi yenyewe ni noma kuliko venye inakaa. Stelingi ako na saa mbili za kukufanya umpende. Msaidizi anapewa labda dakika nne, na ndani ya hizo dakika lazima uamini kwamba huyu mtu ana nyumba, ana deni, ana kitu anaogopa. Akikosea, hata stelingi anaanza kukaa feki, juu stelingi hawezi kuogopa polisi ambaye haogopeshi.

Halafu kuna kitu watu hawaoni. Msaidizi anakaa kwa seti siku nzima akingoja hizo dakika zake. Ukiwa na akili, hiyo siku haupotezi kwa simu. Unacheki taa zinawekwa wapi, dairekta anaongea na waigizaji aje, mbona sini moja imerudiwa mara kumi na ingine mara mbili. Hiyo ni shule, na kwa hiyo shule wewe ndiye unalipwa.

Kabla Kenya

Reding alianza kujulikana Uingereza kwa The Bill, ile drama ya polisi iliyokaa kwa TV yao miaka na miaka. Mwaka wa 1990 akawa kwa Mister Johnson, filamu ya Bruce Beresford iliyopigwa Nigeria, kutoka kwa riwaya ya Joyce Cary. Pierce Brosnan alikuwa ndani, miaka kadhaa kabla awe James Bond. Lakini aliyeondoka na sifa ni Maynard Eziashi, aliyecheza Johnson mwenyewe na kushinda tuzo ya mwigizaji bora Berlin mwaka uliofuata. Reding alikuwa kwa kundi la wale wa kusindikiza.

1992 ndio ilikuja kazi nzito. National Theatre ya London ilipanda na Angels in America, mchezo wa Mmarekani Tony Kushner kuhusu miaka ambayo UKIMWI ulikuwa unamaliza watu na serikali inaangalia kando. Reding alicheza Joe Pitt, wakili mwenye siri anayoificha hata bibi yake. Shika hiyo point: mchezo kuhusu ugonjwa ambao watu wanaona aibu kuutaja. Utaona venye inarudi.

Kenya na ile kitu iliitwa "mdudu"

Mwisho wa miaka ya 90 Kenya ilikuwa pabaya. Novemba 1999 Rais Moi alitangaza UKIMWI kuwa janga la kitaifa. Dawa za kupunguza makali zilikuwa ghali hadi mtu wa kawaida alikuwa anazisikia tu kwa redio. Mtaani watu waliuita ugonjwa kila jina isipokuwa jina lake. Mdudu. Kale kagonjwa. Ukienda matanga, aliyelala kwa sanduku alikuwa amekufa na "kichwa" ama "malaria".

Hapo ndipo S.A.F.E. ilizaliwa, mapema miaka ya 2000. Wazo lake ni rahisi: poster ya kliniki haitashindana na aibu, lakini story inaweza. Weka waigizaji mahali watu wako, kwa soko ama kwa uwanja, waongee lugha ya hapo, wachekeshe kwanza, halafu waguse ile kitu. Vikundi vikawa Pwani, vikawa kwa mitaa ya Nairobi, na kingine kule Loita kwa Wamaasai, ambapo story kubwa ni ukeketaji.

Usifikirie hii ni kitu mzungu alituletea kwa ndege. Kenya ilikuwa inajua nguvu ya jukwaa la wazi kitambo. 1977, Kamirithu kule Limuru, Ngũgĩ wa Thiong'o na Ngũgĩ wa Mĩriĩ waliandika Ngaahika Ndeenda, na wakulima na wafanyakazi wa hapo ndio wakaucheza. Serikali iliufunga mwaka huo huo, na Ngũgĩ wa Thiong'o akawekwa ndani. 1982 jukwaa lenyewe likabomolewa. Na kama unadhani hizo ni story za babu, kumbuka Aprili 2025 Nakuru, wasichana wa Butere walipofika na Echoes of War wakapata polisi na moshi wa vitoa machozi. Mchezo wa shule! Mtu haogopi kitu ambacho hakina nguvu.

Nafasi ndogo kwa muvi kubwa

Katikati ya hii kazi ya mitaani, Hollywood ikakuja hapa. The Constant Gardener ilipigwa Kibera na Loiyangalani, dairekta akiwa Mbrazil Fernando Meirelles, kutoka kwa riwaya ya John le Carré kuhusu kampuni za dawa zinazojaribia watu maskini dawa zao. Reding alicheza Crick. Rachel Weisz akashinda Oscar mwaka wa 2006, na unajua ya nini? Mwigizaji msaidizi.

Sasa skia hii. Kwa hiyo seti kulikuwa na msichana Mkenya aliyekuwa wa kutumwa huku na kule, ile kazi ya chini kabisa ya utayarishaji. Jina lake Lupita Nyong'o. Kabla Hollywood imjue alikuwa pia ameongoza In My Genes, filamu ya ukweli kuhusu Wakenya wanaoishi na ualbino. Machi 2014 naye akachukua Oscar, kwa 12 Years a Slave. Ya nini? Mwigizaji msaidizi. Kwa hivyo wakikuambia "hiyo ni nafasi ndogo", wewe cheka tu.

Halafu ikakuja The First Grader, na hapa tunaingia nyumbani. Hii ni story ya Kimani Maruge, mzee wa Mau Mau aliyeingia darasa la kwanza Januari 2004 akiwa na miaka 84, baada ya serikali ya Kibaki kusema elimu ya msingi ni ya bure. Shule yenyewe ni Kapkenduiywo, hapa hapa Eldoret. Guinness ikamwandika kama mtu mzee zaidi kuanza shule ya msingi, na 2005 akapanda ndege hadi New York kuongea kwa Umoja wa Mataifa. Oliver Litondo ndiye alimcheza Maruge, Naomie Harris akawa mwalimu Jane Obinchu. Reding alikuwa na kanafasi kadogo, Ofisa Johnson.

Kitu watu husahau ni venye hiyo story iliisha kwa maisha ya ukweli. Baada ya uchaguzi wa Desemba 2007 mali ya Maruge iliibwa, akajipata kwa kambi ya wakimbizi wa ndani. Akawa anatoka kambini kila siku anaenda darasani, kilomita nne. Katikati ya 2008 akahamia Nairobi, akajiandikisha tena shule huko, na Agosti 2009 akafariki. Mzee aliyepigania hii nchi alifukuzwa kwake na vita vya majirani.

Na hiyo ndiyo filamu inayofuata.

Filamu zake

*Ndoto za Elibidi (2010).* Aliongoza pamoja na Kamau wa Ndung'u. Ilianza kama mchezo wa jukwaani: wazazi na mabinti wao wanne, mapenzi, HIV na maisha ya ghetto. Ujanja wake ni kwamba kamera haikai kwa story peke yake. Inageuka inaangalia watu wa mtaa wanaotazama mchezo. Unaona mama akicheka, halafu unaona kicheko kikikauka. Kwa dakika hiyo unajua haujafika kuangalia "watu wa slamu". Umeketi nao.

*Ni Sisi (2013).* Hii ilitoka mwaka wa uchaguzi, ule wa 4 Machi 2013. Ndani yuko Joseph Wairimu, yule Mwas wa Nairobi Half Life, aliyekuwa ametoka kushinda tuzo ya mwigizaji bora Durban 2012. Story ni ya mtaa wa kawaida ambapo makabila yameoana, yamekopeshana sukari, yamezikana. Halafu uvumi unaingia. Fulani amesema. Fulani ameonekana na panga. Mwanasiasa anatafuta kiti, na majirani wanaanza kuhesabiana.

Soma hilo jina pole pole. Ni Sisi. Haisemi ni wao. Tume ya Waki ilihesabu waliokufa 2007/08 ikafika 1,133. Waliohama makwao walipita 600,000. Na sehemu iliyoumia vibaya zaidi ni hii yetu. Kiambaa, tarehe 1 Januari 2008, watu walikimbilia kanisa wakachomewa ndani. Kutoka hapa tauni ni karibu. Kama ulizaliwa 2005 ama 2006, ulikuwa umebebwa mgongoni na mtu anakimbia, ama mtu wa kwenu alikuwa anakimbiza. Hakuna anayekuambia ni gani kati ya hizo.

Ndio maana filamu kama hii ina kazi. Kitabu cha historia kinakupea namba. Filamu inakupea jirani: huyu anauza mboga, huyu ni fundi, huyu ni boy wa binti ya yule. Unashangaa ni wapi haswa iliharibika, na unagundua haikuharibika siku ya panga. Iliharibika siku mtu alisikia uvumi na hakuuliza swali.

*Watatu (2015).* Hapa alienda Mombasa, wakati nchi ilikuwa na kidonda kibichi. Westgate Septemba 2013, watu 67. Chuo Kikuu cha Garissa Aprili 2015, watu 148. Watatu inauliza ni nini kinafanya kijana wa Pwani avutwe na watu wa itikadi kali: ukosefu wa kazi, polisi wanaokusumbua juu ya jina lako, mtu anayekuja na maneno matamu na pesa. Halafu story inasimama, na watu waliokuwa wanatazama wanaitwa wapande jukwaani. Wewe ungefanya nini hapo? Onyesha.

Hiyo njia ya kuita watazamaji inatoka kwa Mbrazil Augusto Boal, miaka ya 1970. Yeye alikuwa anasema mtazamaji akikaa tu kimya, ameibiwa. Mpe nafasi abadilishe mwisho wa mchezo, na siku ya siku ataweza kubadilisha kwa ukweli. Kwa maneno ya muvi, kila mtu kwa ukumbi anakuwa mwigizaji msaidizi.

Swali la moto: mbona mzungu?

Najua ushauliza. Mbona story ya vita vyetu iongozwe na msee wa London? Ni swali poa, na usiache kuliuliza. Pesa nyingi za filamu za aina hii hutoka nje kama misaada, na anayelipa mpiga ngoma huwa anachagua wimbo. Ndio maana filamu za HIV zilijaa wakati pesa za HIV zilijaa, na za amani zinajaa uchaguzi ukikaribia.

Lakini angalia upande ule mwingine pia. Wenye wanaongea kwa hizi filamu ni waigizaji wa hapa, kwa lugha ya hapa. Ndoto za Elibidi ina dairekta wawili, na mmoja ni Kamau wa Ndung'u. Na mzungu mwenyewe, badala ya kujipa nafasi ya shujaa anayeokoa Waafrika, kama Hollywood inavyopenda, alitoka kwa fremu akasimama nyuma ya kamera. Miaka ya kucheza nafasi ndogo inaweza kukufunza hiyo adabu. Jibu la swali si kumfukuza yeye. Jibu ni kwamba filamu ya Kiambaa, ya Burnt Forest, ya kambi iliyokuwa Showground, bado inangoja mtu wa Eldoret aipige. Yeye alipiga ya mtaa wa kubuni. Mitaa ya ukweli iko na majina.

Ukitaka kuanza

Kwanza, usidharau mistari miwili. Ukipewa nafasi ya karao ama makanga, chukua, na ukae kwa seti ukicheki kazi ya dairekta.

Pili, jua sheria. Kupiga filamu ya kuonyesha umma Kenya kunahitaji leseni, chini ya sheria ya Filamu na Michezo ya Jukwaani, Sura ya 222, na wanaoitoa ni KFCB. Usikamatwe na kamera ya kukodi juu ya karatasi.

Tatu, anza na jukwaa. Mchezo wa mtaani unataka waigizaji watano, uwanja na ujasiri. Ukikosea leo, kesho unarekebisha, na watu watakuonyesha wapi story imelala kwa kuondoka tu. Ndoto za Elibidi ilipita hapo kabla ifike kwa kamera.

Nne, rekodi wazee sahi. Maruge ameenda na alichojua. Wale waliolala Showground 2008 bado wako, wengine ni majirani zako, lakini hawatangoja upate bajeti. Simu yako inatosha. Waulize kwa heshima, na wakikataa kuongea, heshimu hiyo pia.

Na 2027 je?

Agosti 2027 tunapiga kura tena. Uvumi wa 2007 ulisafiri kwa SMS na redio. Sasa uko na grupu za WhatsApp na TikTok, na video ya uongo inafika Huruma kabla ukweli haujavaa viatu. Utaforwadiwa kitu. Kitakuwa na jina la kabila ndani, na kitakuja kwa mtu unayemwamini.

Hapo ndio wewe sasa unapewa nafasi yako ndogo. Hakuna mtu ataweka sura yako kwa poster. Lakini vita vya 2008 havikuchezwa na mastelingi, wao walikuwa Nairobi na walinzi. Vilichezwa na wasaidizi, mtaa kwa mtaa, kila mmoja na mistari yake miwili. Ukikataa kusema yako, kuna sini haitapigwa.

Tafuta Ni Sisi uiangalie kabla hiyo siku, na uiangalie na mathee. Halafu zima TV umuulize: 2008 tulikuwa wapi?